Ndoo ya Mama

Mwaka 1981, nikiwa na miaka kumi na minne, baba alifariki Jilore na shule ikanikomea darasa la tatu. Nikashuka Malindi kufagia sinema. Mashine ya picha sikufundishwa na mtu, niliiiba kwa macho. Miaka mitatu haikwisha, nikawa ndiye mwendeshaji.

Alhamisi alasiri ilikuwa zanana, onyesho la wanawake peke yao. Mwanamume nilikuwa mimi tu, nimejifungia chumba cha mashine. Tajiri, mwenye sinema, alileta picha moja isiyo na ngumi wala nyimbo: mjane na kisima chake, basi. Wanaume waliizomea. Wanawake wa mtaa wa Shella wakaitaka tena na tena.

Alhamisi moja nikamwingiza mama yangu, katoka Jilore na kanga yake mpya. Hajawahi kuona sinema. Mjane alipoondoka kisimani, mama akasimama: "We mama! Ndoo! Umesahau ndoo yako!"

Ukumbi ukaangua kicheko. Mmoja akamwambia, "Mwite tena, bibi, hakusikia!"

Mama akaita tena. Kitambo kidogo, mjane akarudi kuchukua ndoo.

"Haya, kanisikia," mama akasema, akaketi. Vigelegele hivyo!

Siku hiyo tajiri alikuwa ameweka kamera ya video ya harusi dirishani pangu, inakili picha ukutani pamoja na sauti za ukumbini. Video zilikuwa zimeingia, anataka kukodisha kanda. Baada ya hapo akaniamuru nichome mikanda yote ya filamu. Nilichoma, kazi ni kazi, lakini ile kanda ya video nikaificha. Mama alipofariki, hakuacha picha hata moja. Sauti yake imo humo tu.

Juzi akaja kijana msomi, anakusanya picha za zamani azitie kwenye kompyuta, dunia nzima izione. Shikamoo nyingi, maneno laini. Nikamwazima kanda. Akarudi na kidude cha flashi, kidogo kama kucha.

"Mzee, tumeisafisha. Kelele zote tumeziondoa."

"Kelele gani?"

"Kuna mama mmoja alikuwa anapayuka kuhusu ndoo."

Nilimtazama kijana wa watu. Kasoma mpaka kapita vitabu, na hajui kutofautisha kelele na mtu! Picha ya kisima ile, bila wanawake wale, ni ukuta unaotembea. Mjane sasa anarudia ndoo yake bila kuitwa na mtu. Nani kamwambia? Dunia nzima itaiona, ndiyo, na itakuwa imeona nini?

"Rudisha kanda yangu," nikamwambia. "Leo. Kabla hujanywa chai."

Akairudisha siku hiyo hiyo.

Leo nina nyumba ya mawe ya vyumba vitatu, minazi kumi na saba, ng'ombe wawili, mashine ya video ninayoitengeneza mwenyewe, na kanda moja. Flashi nimeifunga kwenye ufunguo wa banda la kuku, usipotee.