Machozi ya Bodil Mlangoni

Mke wangu Bodil analipwa kwa kuwa Bodil. Alikuwa akiuza maua hapa mjini Assens. Siku moja watu wa televisheni wakaja kurekodi habari za duka, akawachekesha mpaka wakasahau maua. Tangu hapo kaonekana kwenye mashindano ya kupika, chemshabongo, hata dansi, na kila mara jina lake huandikwa hivi kwenye skrini: Bodil Raunkjær, kama yeye mwenyewe. Mimi Verner, fundi bomba, ni mimi mwenyewe tangu nizaliwe, ila hakuna aliyewahi kunipigia simu kwa ajili hiyo.

Nina wivu, sifichi. Si wa mwanamume yeyote. Naionea wivu kamera. Yenyewe inapata kile kicheko chake cha kurusha kichwa nyuma. Mimi napata miguu yake iliyochoka, juu ya kochi.

Tulipokaribia kutimiza miaka ishirini na tano ya ndoa, nilimwomba kitu kimoja tu.

"Asubuhi ile iwe yetu, Bodil. Bila kamera."

"Haya, umeshinda. Bila kamera."

Jioni ya kuamkia siku yenyewe, majirani walikuja kuuzungushia mlango wetu matawi ya msonobari, juu wakatundika tarakimu za 25 za rangi ya fedha. Sisi tukajifanya hatusikii nyundo, maana ndiyo desturi. Alfajiri wakarudi na tarumbeta, wakaimba. Tukatoka na nguo za kulalia, tumeshikana mikono. Bodil akaziba mdomo kwa kiganja, machozi yakamtiririka, akanigeukia na kunikumbatia mbele ya mtaa mzima. Nilifurahi, jamani, nilifurahi kama mtoto.

Mara gari la televisheni likafunga breki. Msichana akashuka mbio.

"Bodil, tusamehe, tulipotea njia! Tunaweza kurudia?"

Nikamwachia mkono. "Si ulisema bila kamera?"

"Dakika mbili tu, mume wangu. Usininunie mbele za watu."

"Jikaze, Verner!" akapaza sauti jirani yetu Kjeld, tarumbeta kwapani. "Leo Denmark nzima itaijua pajama yako!"

Wakaangua kicheko. Mimi nikasema sirudii ng'o.

"Haina shida," msichana akasema. "Tunamhitaji Bodil tu."

Nikaingia jikoni, nikasimama dirishani na birika la kahawa ya wageni. Mlango ukafungwa, tarumbeta zikalia, wakaimba upya toka mwanzo. Bodil akatoka. Akaziba mdomo kwa kiganja. Machozi yakamtiririka, mengi vilevile. Kisha akageukia upande niliokuwa nimesimama mimi mara ya kwanza, akamkumbatia Kjeld.