Mume Anayemwimbia Mkewe

Riziki wa Tanga haamini mwanamume anayeimba. Kwao nyimbo ni za kurushana roho ukumbini. Mume wa ndoa akikupenda anakuletea doti ya khanga, basi. Kwa hiyo mumewe, Idrisa, alipoanza kumtumia mashairi ya sauti kwenye simu, naye Riziki yuko Doha analea watoto wa watu, alipandwa na hasira. Huyu ameoa mwingine, ananipaka mafuta kwa mgongo wa chupa! Mkataba wake wa kazi ulikuwa unaisha. Bosi alipomuuliza kama anarudi kwao, alisaini miaka miwili mingine, kisha akamwandikia Idrisa: “Nimebaki. Mwimbie huyohuyo wako.”

Ijumaa mchana, nyumbani kwa bosi, mtaa wa Fereej Bin Mahmoud, aliketi na mama mzazi wa bosi, wanayemwita Ajji, yaani bibi, wakitazama filamu ya zamani ya Kikannada, lugha ya kwao kusini mwa India, nyeusi na nyeupe. Mwanamume alikuwa akimwimbia mwanamke anayekuna nazi, na Ajji analia huku anatabasamu.

“Ajji, huyo hawara yake?” Riziki aliuliza kwa Kiingereza chao cha kuungaunga.

“Hawara! Mkewe huyo. Anakwenda kwa mama yake siku chache tu, mume ameshaanza kuona upweke.”

“Wameoana, na bado anamwimbia?”

Ajji alimshangaa. “Sasa amwimbie nani? Wimbo huu ulikuwa shairi kitabuni kabla ya kuwa sinema. Washairi wetu waliandika mapenzi ya mume na mke, jikoni, mlangoni, na filamu zikachota humo. Marehemu mume wangu alinisomea haya nikiwa na watoto watatu.”

Riziki alichanganyikiwa kabisa. Ina maana mume anaweza kuimba bila kosa? Au ni Wahindi tu? Na hiyo khanga, Idrisa angeipitisha vipi kwenye simu? Aliingia jikoni na kufungua wimbo wa mwisho, ambao kama nyingine zote alikuwa ameukatiza katikati. Safari hii aliusikiliza mpaka mwisho. Idrisa aliimba kwamba mlango wa uani bado unalia kama zamani, naye hautii mafuta makusudi, maana ukilia hudhani Riziki ameingia.

Alituma sauti: “Idrisa, mume wangu, niimbie tena.”

Jibu lilikuja upesi, la maandishi.

“Ujumbe wako wa kubaki niliupata. Mlango nimeshautia mafuta.”