Kimumu cha Mama Hayat

Huseni fundi wa gia, mtaa mzima wa Buyenzi unamjua kwa jambo moja: hakai. Chai anainywa amesimama, simu anaipokea huku anatembea, na hata msikitini, imamu akishatoa salamu ya mwisho, yeye tayari anatafuta kandambili zake. Wateja wanampenda kwa hilo, maana gari likiingia kwake asubuhi halilali. Nyumbani ni habari nyingine. Mkewe, Saliha, alishazoea kuzungumza na mgongo wake.

Basi kiharusi kikamwangusha Saliha jikoni, mwiko mkononi. Hospitali walimrudisha akiwa hai, Alhamdulillahi, lakini upande wa kulia umelala na ulimi umekataa. Daktari alisema asitikiswe ovyo, na kwamba huenda maneno yatarudi, huenda yasirudi. Huenda! Mtu kama Huseni unampaje huenda? Akaanza kuranda. Anatoka gereji, anaingia chumbani, anauliza, "Mama Hayat, unataka maji? Unataka uji?" na kabla mgonjwa hajapepesa jicho, mwenyewe yuko barabarani anarudi kwenye gia zake. Majirani walichoka kumpa pole, kwa sababu pole ilimkuta ameshapita.

Kisha ikaanza ile sauti. Huseni akiingia tu, Saliha anafumba mdomo na kuguna kwa puani, mguno mrefu unaoshuka, halafu anagonga ubao wa kitanda kwa mkono wa kushoto: ko, ko. Akitoka, kimya. Akirudi, mguno uleule, ko, ko, na macho yamemkazia. Huseni alihisi nywele zinamsimama. Mguno huo aliwahi kuusikia, na alikumbuka vizuri ni wapi.

Ilikuwa miaka mingi nyuma, Hayat, binti yao, akiwa bado mtoto wa darasa la kwanza. Siku hiyo Huseni alirudi ghafla kuchukua spana, akamkuta mkewe anamwogesha mtoto uani, wote wawili wamefumba midomo, wanaguniana na kugonga beseni huku machozi ya kicheko yanawatoka. Mtoto akamweleza kwa furaha: chini ya ziwa Tanganyika kuna watu wanaitwa Wamumu. Hawafungui mdomo, maji yataingia. Lugha yao ni Kimumu, ya kuguna na kugonga mawe, na mama ndiye aliyeanza kuitunga. Huseni alifoka. Nyumba ya Mwislamu, mnaita majini kwa beseni! Asisikie tena. Na kweli hakusikia tena, akaamini amri yake imefuatwa, wala hakujiuliza mtu asiyeshinda nyumbani angesikia saa ngapi.

Sasa aliona wazi kilichotokea. Walioitwa kwa mchezo wameitika, na wamekuja kumchukua mama. Akamkimbilia Ustadhi Shakuru wa mtaani.

"Amevamiwa, Ustadhi. Watu ya mu ziwa wanasema ndani yake."

Ustadhi akaja, akasoma, akapulizia maji, akasoma tena. Saliha alisikiliza kwa adabu, macho ameyafumba. Huseni, aliyekuwa anazunguka nyuma yao, akapita mbele ya kitanda. Mguno. Ko, ko.

"Umesikia?"

"Mi naona mugonjwa," Ustadhi akasema. "Jini sioni. Na we uache kuzunguka, Mzee Huseni, unanipotezea aya."

Hilo la mwisho liliingia sikio hili likatokea lile. Kesho yake Huseni alikodi gari la kwenda mji wa Uvira, ng'ambo ya mpaka, kwa mtu anayesifiwa kwa kutoa majini ya ziwani. Barabara ilikuwa na mashimo, na daktari alishakataza mgonjwa kutikiswa. Safari ile ingeweza kumuua. Huseni alilijua hilo, na lilimwogopesha, lakini kukaa bila kufanya kitu kulimwogopesha zaidi. Akampigia simu Hayat, aliyeolewa mtaa wa Kanyosha, aje amuage mama yake.

Hayat alikuwa mzazi, arobaini yake haijaisha, ndiyo maana alikuwa bado hajamwona mgonjwa. Alikuja hivyohivyo, kitoto kifuani.

"Papa, Uvira kufanya nini?"

Kabla hajajibiwa, Saliha alianza kuguna na kugonga, mfululizo, haraka. Hayat akaangua kilio. Halafu, machozi yanamtiririka, akafumba mdomo akaguna naye, akagonga ubao kwa vidole. Huseni akarudi nyuma mpaka ukutani.

"Na we tena! Audhubillahi!"

"Apana, Papa, apana! Hii njo Kimumu. Ananiuliza kama mutoto ananyonya muzuri."

"Si niliwakatazaka?"

"Tulikuwaka tunaisema kama hauko." Hayat akajifuta kamasi. "Na haukuwaka hapa."

Neno hilo lilimchoma. Alikuwa ameogopa majini, kumbe sasa aliona wivu: lugha nzima ilikua ndani ya nyumba yake, na yeye hakuwa na hata neno moja.

"Na mi? Mi ananiambiaka nini kila siku?"

Saliha akamtazama. Mguno mrefu unaoshuka, ko, ko.

Hayat akainamisha uso, akamwonyesha kigoda. "Anasema: ikaa."

"Niikae?"

"Mu maji, mutu akitembea-tembea anavuruga maji, maneno inapotea. Mumumu hawezi kukuambia kitu kama haujaikaa. Njo neno la kwanza."

Nje dereva wa gari la Uvira akapiga honi. Simu ikalia mfukoni. Huseni akavuta kigoda, akakaa. Magoti yalitaka kuinuka, akayashika kwa mikono miwili yenye grisi. Saliha akamwangalia muda mrefu, kama anayehakikisha, kisha akaanza kusema naye. Alisema mengi. Hayat alipotaka kutafsiri, mama yake alimnyamazisha kwa kiganja. Huseni hakuelewa chochote, akalia.

Saliha alipomaliza, alingoja jibu. Huseni akafumba mdomo, akaguna lile neno pekee alilolijua, akagonga ubao: ko, ko. Kumwambia mtu asiyeweza kuinuka kitandani akae! Saliha akacheka, kwa nusu ya uso iliyobaki hai, mpaka kitanda kikalia.

Dereva akapiga honi tena. Huseni hakuinuka.