Weusi wa Bangili ya Madame Odile

Enzi zetu, sisi watoto wa Lubumbashi tuliokulia mtaa wa Etterbeek, Ubelgiji, Jumatano ilikuwa sikukuu ndogo. Shule ilituachia mchana, na wenzangu walikimbilia bustani ya Cinquantenaire kucheza nzango, wakirusha miguu na kupiga makofi mpaka mabibi wa Kibelgiji waliotembeza mbwa wakasimama kutazama. Nyumbani kulikuwa na bukari, ugali wa kwetu, na samaki thomson, na harufu ya thomson ilipanda ngazi hadi kwa jirani wa juu, akafungua mlango kisha akaubamiza. Watoto wa siku hizi wakikaanga thomson hufungua madirisha yote na kumtumia jirani ujumbe wa kuomba radhi. Sisi tuliomba sahani ya pili.

Nzango mimi niliikosa mara nyingi. Kila Jumatano na Jumamosi Maman alikwenda Ganshoren, upande mwingine wa jiji, kumtunza mwanamke mzee, Madame Odile, na Papa, aliyelinda jengo la ofisi karibu na Schuman usiku, mchana alikuwa amelala. Hakukuwa na wa kunichunga. Basi nilipanda tramu na Maman, begi la shule mgongoni, nimenuna. Kununa kwangu kuliishia mbele ya kabati la Madame.

Lilikuwa na droo nyembamba zilizotandikwa kitambaa cha kijani, na ndani yake bangili, pete na vifungo vya mikanda, fedha tupu, kazi ya Wahopi. Hao ni watu wa jangwa la Arizona, kule Marekani, wenye vijiji juu ya vilima vilivyo bapa kama meza. Madame, angali bibi arusi kijana, aliishi upande huo na mumewe, akavinunua vitu vile kimoja kimoja kutoka mikononi mwa mafundi. Alinieleza kuwa Wahopi walijifunza ufuaji wa fedha kwa majirani zao, na kwa miaka mingi usingeweza kwa urahisi kuitofautisha kazi yao na ya majirani. Ilikuwa baada ya ile vita kubwa ya pili ndipo vijana wao waliorudi kutoka jeshini walipofundishwa mtindo wa kwao wenyewe. Fundi huchukua mabamba mawili ya fedha. La juu hulikata kwa msumeno mwembamba kama uzi, akitoboa umbo la wingu, la mahindi au la wayo wa dubu, kisha huliunganisha kwa moto na la chini. Pale bamba la chini linapochungulia katika matundu, hupachora vimistari vidogo na kupafanya peusi kwa dawa. Bila weusi ule, huoni wingu wala dubu.

"Geuza kwanza," ndiyo iliyokuwa amri ya Madame, maana fundi hugonga alama yake nyuma, na mkusanyaji asiyesoma mgongo wa kitu hujinunulia uso tu. Juzi binti yangu aliagiza kwa simu pete "ya Kihopi". Nikamwambia ageuze. Alama hakuna, msumeno haukupita, na weusi wenyewe ni rangi ya kupaka. Akanijibu, "Maman, kwenye picha haionekani." Haya, mwanangu, vaa picha yako.

Siku Madame alipotuambia kwamba kwa Wahopi mtoto ni wa ukoo wa mama yake, Maman alipiga makofi. Yeye ni mtu wa Sakania, kusini mwa Lubumbashi, na kwao pia ukoo hufuata mama.

"Eh! Donc hawa ni bandugu yetu!" alisema, na tangu siku hiyo alizipita zile droo kwa heshima ya shemeji.

Bangili ya kwanza kabisa ambayo Madame alinunua ilikuwa na mawingu yanayonyesha mvua. Aliivaa kila Jumapili, mwanawe alipokuja kula. Mwana huyo, Monsieur Luc, alitaka mama yake ahamie nyumba ya wazee, na kila alipokuja alisema lile lile: mgeni anaingia na kutoka, na droo hazina ufunguo. Mgeni alikuwa Maman. Vibali vyetu vya kuishi vilitegemea kazi ile, nasi watoto tulilijua hilo kama tulivyojua namba ya nyumba yetu. Maman akisikia gari la Monsieur Luc, hata sauti yake ilipungua.

Jumatano moja, kabla ya kwenda kujilaza, Madame alimpa Maman ile bangili aipanguze kidogo kwa ajili ya Jumapili.

Kumbe kwa Maman hakuna kupanguza kidogo. Lubumbashi ya ujana wake, sufuria zilianikwa uani ambako mtaa mzima ulizikagua. "Muwanamuke banamujulia ku sufuria yake," alikuwa akituambia, na kwa macho yake weusi juu ya fedha ulikuwa masizi, aibu ya mwenye nyumba. Rafiki yake wa kanisani alikuwa amemfundisha mbinu mpya: beseni, karatasi ya alumini, chumvi, bicarbonate ya kuumulia keki, maji ya moto. Mimi nilikuwa mezani napigana na hesabu za kugawanya. Nikasikia Maman anaimba wimbo wa kanisani jikoni, nikasikia pia harufu kama ya yai bovu, nikaenda kutazama.

Aliitoa majini akainyanyua kwenye mwanga wa dirisha. Ilimeremeta yote, juu na chini, nyeupe pee.

"Maman, mawingu ilienda wapi?"

Akaigeuza. Akaigeuza tena. Wimbo ulikatika.

"Nzambe," alimwita Mungu kwa sauti ya chini. Nilikuwa sijawahi kumwona Maman akiogopa, na hofu ya mzazi huambukiza kuliko surua. Madame bado alikuwa amelala. Maman aliifunga bangili kwenye leso, akaitia kifuani, akafunga droo, akavaa koti. Ndani ya tramu alikaa wima, mkono kifuani, na mkaguzi wa tiketi alipoingia alitoa kadi kwa mkono wa pili.

Papa alikuwa ameamka, anajitayarisha kwenda kazini. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaweka kikombe chini.

"Kintu ya muntu ikitoka mu nyumba yake bila ruhusa, miye njo kazi yangu, ninajua jina yake."

"Sikuiba!"

"Bon. Kama haukuiba, juu ya nini iko mu kifua?"

"Nikiiacha kule, yule mutoto yake ataiona, atanifukuza. Nikifukuzwa, tutaenda wapi? Sema, weye munajua-yote!"

Papa aliondoka kwenda kazini. Bukari ilipoa mezani, jambo ambalo nyumbani kwetu lilitokea kwa misiba tu.

Asubuhi Maman alikuwa akinikaangia yai kabla ya shule, mkono ukasimama hewani. Alikumbuka kwamba siku zake za kwanza Ganshoren, Madame alimgombeza kwa kumletea yai na kijiko cha fedha, kwa sababu yai hukifanya kijiko kiwe cheusi. Yale maji ya beseni nayo yalinuka nini? Yai. Alichemsha mayai yote yaliyokuwamo nyumbani, akayaponda yangali ya moto ndani ya chupa ya mayonnaise, akaning'iniza bangili kwa uzi juu yake na kukaza kifuniko. Nilikwenda shule bila kiamsha kinywa, na siku hiyo sikumsikia mwalimu hata neno moja.

Niliporudi, bangili ilikuwa na rangi ya chai. Kesho yake ilikuwa nyeusi yote, kama iliyotoka motoni. Maman akazungushia kidole kitambaa chenye bicarbonate, akaanza kusugua bamba la juu peke yake, polepole, nami nikishika taa na kubana pumzi. Kidole kikiteleza kidogo tu, weusi wa chini ungetoka tena na tungeanza upya. Wingu moja likajitokeza. Likafuata la pili, halafu mvua yake. Tulitazamana lakini hatukushangilia, kwa sababu weusi huu haukuwa ule. Ulikuwa wa kahawia, na pembeni una ubuluu. Tena ulinuka. Uzi ulikuwa umelegea, vipande vya kiini cha yai vikaingia kwenye vimistari, na sabuni haikuvitoa.

"Tutaingiza mu droo Madame akiwa bado mu kitanda," Maman aliniambia Jumamosi ndani ya tramu. "Atavaa kesho. Basi, imeisha."

Tulipokata kona tuliona gari la Monsieur Luc mlangoni, siku moja kabla ya zamu yake.

Droo ilikuwa juu ya meza, na katikati ya kitambaa cha kijani palikuwa na nafasi tupu. Madame alikaa kwenye kiti chake amejifunga shali. Monsieur Luc hakupaza sauti. Alisema tangu asubuhi amemuuliza mama yake bangili iko wapi, naye hakumbuki. Labda sisi tungekumbuka. Nilishika koti la Maman kwa mikono miwili.

Maman angeweza kuapa kwamba hajui. Badala yake alifungua vifungo vya koti, akatoa leso, akaiweka mezani mbele ya wote.

"Ni miye," alisema kwa Kiswahili, halafu akakumbuka na kusema kwa Kifaransa. Akaeleza yote, beseni, alumini, chupa, mayai, huku machozi yakimtoka na yeye hayafuti. Monsieur Luc alinyoosha mkono na kudai funguo za nyumba. Maman akazitoa.

Mkono wa Madame nao ulinyooka, ukazipita funguo, ukachukua bangili. Akaigeuza kwanza, akasoma alama ya fundi. Kisha akaisogeza puani na kunusa, kwa muda mrefu.

"Mayai," alisema.

Mabega yake yalianza kutikisika. Nilidhani analia, kumbe anacheka, tena mpaka akakohoa. Alipopata pumzi alimwambia mwanawe kwamba fundi aliyemuuzia alimwonya: weusi ule hufifia, na mwenye bangili hana budi kuurudisha. Miaka yote hiyo yeye aliogopa kujaribu. Kama ni kweli sijui, maana Madame akitaka kudanganya alidanganya kwa ufundi. Aliivaa bangili, akamrudishia Maman funguo kwa mkono wake mwenyewe, akamwambia Luc kwamba nyumba bado ni ya mama yake.

"Mara nyingine iache zaidi kwenye chupa," alimwambia Maman. "Halafu fungua dirisha."

Maman aliendelea kwenda kule miaka mingi, hadi siku ya mwisho ya Madame, na ni mkono wake uliomfumba macho. Bangili zilitawanyika kwa wakusanyaji wengine. Ile ya mawingu sijui iko kwa nani.

Leo Maman mwenyewe ndiye mzee, kwenye nyumba yake Etterbeek, na shirika humtumia watu wa kumtunza. Huingia na simu mkononi, simu inalia mlangoni kuonyesha wamefika, na inalia tena wakitoka. Ni wasichana wazuri, wana adabu, wanakimbizwa na saa. Wiki hii huyu, wiki ijayo mwingine. Enzi zetu mtu alikaa nawe hata akajua unaota nini. Siku hizi koti hawavui. Juzi Maman alimwomba mmoja ampanguzie kidogo birika lake la kahawa. Msichana alitazama simu, akasema kwa upole kwamba hilo halimo katika kazi zake, akaaga.

Maman alibaki ameangalia mlango.

"Huyu mutoto," aliniambia, "hataniharibia kintu hata siku moja." Nikataka kucheka, nikaona kwamba analia.