Malisho ya Kiangazi

Mwalimu wetu wa darasa la tano alikuwa mama mmoja kutoka upande wa ziwa, na mimi sikumwamini hata kidogo. Alitusomea hadithi tukiwa tumefumba macho. "Msikimbilie maneno," alisema. "Oneni picha kichwani. Mbele yako kuna nini? Umekanyaga nini?" Nyumbani kwetu macho yalifumbwa wakati wa maombi tu, na hata hapo baba aliacha moja wazi. Ilikuwa miaka ile Wazungu walikuwa wakiuza mashamba na kuondoka, na kila mtu pale Eldoret alimwona jirani yake mwizi.

Lakini wee, nilikuwa nikisoma kama kasuku, nikaanza kuelewa!

Jioni moja baba alileta karatasi ya shamba. Kesho yake angetia kidole, kipande kiwe chetu. Alikuwa ameonyeshwa kipande hicho Januari, nyasi zikifika kiunoni. Hakujua kusoma, akanipa mimi. Nikasoma: "Kipande cha chini, malisho ya kiangazi, hadi mtoni." Nikafumba macho. Nikaona nyasi na ng'ombe wetu watatu. Halafu nikaleta mvua, na ng'ombe wakakosa pa kusimama.

"Baba, mbona wameandika kiangazi tu? Mvua ikinyesha ng'ombe wataenda wapi?"

Alinikazia macho. "Nani amekutuma?"

"Hakuna mtu."

"Ni huyo mwalimu wako. Nasikia bwana yake anatafuta shamba. Anataka niogope, yeye achukue."

Niliapa kwamba nimeona mwenyewe.

"Umeona wapi, na umefumba macho?"

Mama alicheka. Mimi nilikasirika mpaka nikalia.

Asubuhi baba alidamka kabla ya watu wote, asije akapitwa na bwana wa mwalimu, akatia kidole.

Tulihamia mwezi wa nne. Lori lilikwama mbali, tukabeba vyombo kichwani. Nyasi zilikuwepo, lakini zilionekana ncha tu. Baba alitangulia. Maji yakamfika magotini, akazidi kwenda, kana kwamba huko mbele kuna kipande kingine. Kisha akasimama.

Aliporudi hakunitazama usoni.

"Kesho mwambie mwalimu wako," alisema, "kama bwana yake bado anatafuta shamba, hapa pana malisho mazuri."

Nilikataa. Sikuwahi kumkatalia baba kitu kabla ya siku hiyo.