Kabla ya Kutaja Jina la Mtu, Bi Hajira Anakutembeza Mfereji

Jua halijachomoza vizuri na tayari kuna mtu anapiga kelele kwenye mashamba ya mpunga ya Magoma, wilayani Korogwe. Anaitwa Mustafa. Ana jembe begani, suruali kaikunja hadi magotini, na jaruba lake, kipande cha shamba kilichozungushiwa tuta, halijapata maji tangu jana.

"Shikamoo Bi Hajira! Leo naua mtu!"

"Marahaba, mwanangu. Umetembea?"

Mustafa anageuka kuutazama mfereji. Hajatembea. Ametoka shambani kwake mbio, na jina la jirani yake, Faraji, liko mdomoni tayari.

"Haya, twende," anasema Hajira Mdoe, mama wa miaka 56, huku akikaza kanga kiunoni. Yeye ndiye mgawa maji wa skimu hii ndogo ya umwagiliaji. Kazi yake ni kufungua na kufunga malango ya mfereji ili kila mkulima kati ya 84 apate maji kwa zamu yake.

Sheria yake ni moja. Ukikosa maji, hutaji jina la mtu mpaka utembee na Bi Hajira kutoka shambani kwako hadi langoni, ukikagua kila hatua. Haijaandikwa popote, lakini hakuna asiyeijua.

Leo hawafiki mbali. Hatua kama arobaini tu, kwenye tuta la Mustafa mwenyewe, kaa wametoboa matundu matatu na maji yanatorokea kwenye majani.

"Haya, muue kaa," Bi Hajira anamwambia.

Mustafa anacheka mpaka anaweka jembe chini. Faraji yuko jaruba la juu anapalilia zake, hana hata habari kwamba alikuwa amekaribia kufa.

Ukimwona Bi Hajira anavyomsaidia kijana huyo kuziba matundu, unaweza kudhani alizaliwa mpole. Thubutu! Mwenyewe anacheka ukimwambia hivyo.

"Mimi? Mimi nilikuwa moto. Hata nikijikwaa, nilikuwa naanza kutafuta nani kaliweka lile jiwe."

Binti yake, Mwanaisha, anathibitisha. "Ugali ukiungua, kosa la kuni. Kuni zikiwa mbichi, kosa letu. Mama akirudi shamba tulikuwa tunajificha hata kama hatujafanya kitu," anasema.

Kilichombadilisha kilitokea Mei 2019. Anakisimulia bila kujificha, ila akifika katikati anaanza kuchorachora ardhi kwa fimbo.

Mwezi huo mpunga wake ulikuwa unakaribia kubeba mimba, akaweka mbolea ya kukuzia. Wakulima wa mpunga wanajua, ukiweka mbolea hiyo lazima uzibe njia ya maji isije ikasombwa. Bi Hajira alijaza tope kwenye kiroba, akafunga mdomo wake kwa kipande cha kanga yake ya bluu iliyochakaa, akakisokomeza kwenye njia ya maji. Alipanga kukitoa kesho yake.

Jioni ile simu ikalia. Shemeji yake amefariki, Handeni. Akaondoka vile vile, akakaa msibani siku tano.

"Niliporudi nikapita shamba kabla ya nyumbani. Jaruba limepasuka nyufa, mpunga umekunja majani. Nikainua macho, naona jaruba la Josefina la juu yangu limejaa maji, yanang'aa. Basi, sikuuliza."

Josefina alikuwa jirani yake shambani kwa miaka tisa, mama aliyeshuka kutoka Vugiri kulima bondeni. Walikuwa watu wa kutaniana. "Umeshuka na baridi yako, mama wa milimani?" Hajira alikuwa akimpokea hivyo kila asubuhi. "Na wewe mama wa bondeni, mbu wamekubakiza?" Josefina alikuwa akijibu. Walikuwa wakila pamoja chakula cha mchana, muhogo wa huyu na maharage ya yule.

Siku ile Hajira alichukua jembe, akapanda kwenye jaruba la Josefina na kulibomoa tuta. Maji yote yakamwagika kwenye mtaro wa chini. Mpunga wa Josefina ulikuwa unachanua.

"Akaja anakimbia. Nikamwambia, mwizi wa maji mkubwa wewe, umeona nina msiba! Alichuchumaa, akawa anachota tope kwa mikono anaziba. Na mimi nimesimama na jembe langu namwangalia. Sikumsaidia."

Jua lilipokuwa linazama, Hajira alishuka kufungua njia yake apate maji. Akaingiza mkono, akagusa kiroba. Akakivuta. Kimefungwa kwa kipande cha kanga ya bluu.

"Nikakaa pale pale kwenye tope," anasema.

Angeweza kupanda hatua ishirini tu na kusema nisamehe. Hakupanda. Alikizika kile kiroba kwenye tope na kwenda nyumbani.

"Niliona bora niendelee kuwa na hasira kuliko kuwa na aibu. Hasira nilikuwa nimeizoea."

Jaruba la Josefina, lililokuwa likitoa magunia kumi na moja, msimu ule lilitoa manne. Hakushtaki. Ila utani uliisha. Kila asubuhi alimwambia Hajira "habari za asubuhi," kama mtu anavyomsalimia karani wa ofisini, kisha akainama kufanya kazi yake. Muhogo ukaliwa huku, maharage yakaliwa kule. Ikawa hivyo kwa karibu miaka miwili.

"Angenitukana ningepona. Ile habari za asubuhi ilikuwa inanikata," anasema Bi Hajira.

Machi 2021 mvua zilichelewa na wakulima wakaitana kupanga upya zamu za maji. Mtu mmoja akasimama, akasema Josefina awekwe zamu ya mwisho, maana anajulikana kwa kuiba maji. Watu wakaitikia. Mwenyekiti, Mzee Ernesti, akashika kalamu aandike. Kwa mwaka ule wa ukame, zamu ya mwisho maana yake ni kuuaga mpunga.

Hajira alikuwa amekaa nyuma. Yale maneno yalikuwa yake, aliyatangaza yeye mwenyewe Magoma nzima.

"Nikasimama. Nikasema, Mzee, usiandike. Huyu mama hajawahi kuiba maji. Niliziba mwenyewe kwa kiroba changu nikasahau, halafu nikambomolea. Na nilijua siku ile ile."

Vichwa vyote vikageukia nyuma alikosimama. Kisha Josefina akasema, bila kuinuka, "Najua. Nilikuona ukikivuta."

Alikuwa bado anaziba tuta lake jioni ile. Aliona kila kitu.

"Kwa nini hukusema?" Hajira alimuuliza mbele ya watu.

"Na lile jembe mkononi mwako, ningethubutu? Nilitaka useme wewe. Na umechelewa, mama wa bondeni, mbu wamenimaliza miguu nikikusubiri!"

Watu walicheka hadi wakashikana mabega. Hajira alilia kwa sauti, na hata leo akisimulia hapa anafuta macho kwa upindo wa kanga. "Namshukuru Mungu kwa yule mama. Alinibebea aibu yangu miaka miwili, hakuimwaga kwa mtu hata mmoja."

Mwaka uliofuata, skimu ilipotafuta mgawa maji, aliyempendekeza alikuwa Josefina. Mzee Ernesti anakumbuka maneno yake: "Mpeni Hajira. Huyu anajua hasira inavyodanganya." Tangu hapo, anasema mzee huyo, hakuna tuta lililobomolewa kwa ugomvi.

Hasira yenyewe haijaisha, Bi Hajira anakiri. Wiki iliyopita alimfokea Mwanaisha kuhusu chaja ya simu, kisha akaikuta kwenye kikapu chake mwenyewe. "Zamani ningenyamaza nayo. Siku hizi nasema nisamehe kabla chai haijapoa."

Msimu huu Josefina anavuna kwa mara ya mwisho. Miguu yake inavimba, na mwanawe, Isaka, anamchukua akaishi naye Handeni. Ndugu kadhaa waliliomba jaruba lake walilime. Amelikabidhi kwa Hajira.

"Lile lile nililolibomoa," anasema Bi Hajira.

Anapanga kulipanda msimu ujao. Gunia la kwanza atalipeleka Handeni mwenyewe, na muhogo wa kuchemsha juu yake, wale pamoja kama zamani. Nikamuuliza: maji yakiwa machache, jaruba la nani litapata kwanza?

Akaokota fimbo yake, akaanza kushuka kwenye mfereji.

"La Josefina," akasema. "Na njia yake ya maji nitaikagua kabla ya yangu."