Rangi ya Kucha Kwenye Kanda za Raudha

Kipindi cha ruksa, biashara ilipofunguliwa na deki za kanda kutoka Dubai zikajaa madukani, Raudha binti Mwishehe wa Mtoni ndiye aliyekuwa mwanamke wa kwanza mtaani kwao kupiga muziki kwenye shughuli. Kanda alikuwa nazo tele, taarabu na dansi, ila kila moja imerekodiwa kivyake. Wimbo mmoja unanong'ona. Ukipandisha sauti, unaofuata unalipuka. Harusini Tandika mlipuko kama huo ulimshtua bibi harusi, soda ikamwagikia gauni jeupe. Wanawake walimzomea Raudha mpaka akatamani ardhi ipasuke.

"Da Raudha, zirekodi upya zote kwa sauti moja," mdogo wake Twaha akamshauri.

Wakajaribu kanda moja. Sauti ililingana kweli, lakini mwimbaji alisikika kama anaimbia ndani ya gunia, na nyuma yake mvumo kama wa mchanga unaomwagwa.

"Sikubali," Raudha akasema. "Kanda hazina kosa, mkono wangu ndio haujui uende wapi. Sitazigusa. Nitaufundisha mkono."

Akachora namba kuzunguka kitufe cha sauti. Akachagua wimbo mmoja uwe kipimo, kisha akasikiliza nyingine zote, wimbo kwa wimbo, akizungusha kitufe mpaka zilingane nao. Namba ya kila wimbo akaiandika juu ya kanda yenyewe kwa rangi ya kucha. Majirani wakasema kapata wazimu.

Bi Hamisa wa Kawe alipomwoza bintiye Zuena, mpiga muziki wake akaugua. Bi Hamisa akamwita Raudha shingo upande. Waliomzomea Tandika nao walikuwepo, wamekaa mbele kabisa.

Wimbo wa kwanza ukaisha. Uliofuata ulitoka kwenye kanda kongwe, mojawapo ya zile zinazonong'ona.

"Nane!" Twaha akasoma.

Kitufe kikageuka kabla zeze halijalia. Wimbo ukaingia laini, safi, kana kwamba bendi ni ileile. Hakuna aliyeziba masikio. Kanga zikafungwa viunoni, vigelegele vikapaa, na wazomeaji wa Tandika ndio waliotangulia kucheza.

Bi Hamisa akaja jasho likimtiririka. "Mwanangu, leo umetutendea haki! Mwezi wa Shaabani namwoza mdogo wake Zuena. Ole wako uchukue shughuli nyingine!"

"Ahsante, mama. Nimeshakubali."

Raudha akamwachia Twaha kitufe, akajifunga kanga, akajitosa katikati ya wachezaji.